Hatua Sabini kwa Sabini

Ekari moja ni hatua sabini kwa sabini. Ndivyo mashamba yanavyopimwa, yanavyokodishwa na kugombaniwa katika sehemu nyingi za Tanzania, na ndivyo atakavyoambiwa mtu anayekwenda kutafuta eneo upande wa Kingolwira, kata ya Manispaa ya Morogoro iliyo kandokando ya barabara kuu iendayo Dar es Salaam, Milima ya Uluguru ikiwa imesimama upande wa kusini. Hakuna mashine wala ramani. Anatafutwa mtu mwenye miguu mirefu, ikiwezekana ndugu wa mnunuzi, anaanzia kwenye mti wa mpakani na kuhesabu kwa sauti ili mashahidi wasikie. Muuzaji mjanja naye huleta mtu wake mfupi.

Mzaha huo umebeba hesabu ambayo wanafunzi wengi hukutana nayo darasani, wakaifanya, wakaisahau: asilimia ya kosa. Kanuni yake ni fupi. Chukua tofauti kati ya kile ulichopata na kile kilicho halisi, igawe kwa kile kilicho halisi, kisha zidisha kwa mia. Jibu linaeleza kosa lako ni kubwa kiasi gani ukililinganisha na kitu chenyewe ulichokuwa unakipima.

Tuanze na kanuni ya hatua. Ekari ni kipimo cha Waingereza, nacho ni yadi za mraba 4,840, sawa na mita za mraba 4,047 hivi. Yadi moja ni futi tatu, yaani sentimita 91.44, hatua ndefu ya mtu mzima anayetembea kwa kujinyoosha. Ikiwa kila hatua ni yadi kamili, sabini kwa sabini inatoa yadi za mraba 4,900. Kosa ni yadi za mraba 60.

Sitini ni nyingi au chache? Zikisimama peke yake hazisemi kitu. Kwa mwenye kiwanja kidogo cha mjini, eneo hilo linatosha kuweka vyumba viwili na baraza. Kwa mwenye shamba la mkonge, halitoshi hata kugeuzia trekta. Gawa 60 kwa 4,840, zidisha kwa 100, unapata asilimia 1.24. Sasa kuna la kusema: kwa kipimo kisichohitaji chombo chochote zaidi ya miguu, aliyeibuni kanuni ya sabini kwa sabini anastahili alama zote. Shamba la ekari moja lenye pande nne sawa lina yadi 69.57 kila upande, na yeye alichofanya ni kuikadiria hadi namba nzima ambayo hata asiyesoma ataikumbuka.

Tatizo haliko kwenye sabini. Liko kwenye hatua.

Tuseme yule mtu mfupi wa muuzaji ana hatua ya sentimita 80, jambo la kawaida kabisa kwa mtu anayetembea bila haraka. Hatua sabini zinakuwa mita 56, na shamba linakuwa na mita za mraba 3,136 badala ya 4,047. Zimepotea mita za mraba 911, yaani asilimia 22.5 ya ekari. Kama bei walipatana shilingi milioni nne kwa ekari, mnunuzi amelipia kiasi cha laki tisa za ardhi ambayo haipo. Na hapo hakuna aliyedanganya kuhesabu. Mashahidi wote walisikia sabini.

Jambo moja huwashangaza wengi hapa. Hatua ya sentimita 80 ni fupi kuliko yadi kwa asilimia 12.5 tu, lakini shamba limepungua kwa karibu maradufu ya hiyo. Eneo linapatikana kwa kuzidisha urefu na upana, kwa hiyo kosa lililoingia kwenye urefu linaingia tena kwenye upana, na mwisho yote mawili yanakutana. Ndiyo sababu kosa dogo la kwenye mguu halibaki dogo likifika kwenye mkataba.

Kuna swali jingine ambalo hutenganisha wanaokariri kanuni na wanaoielewa: ugawe kwa nini? Muuzaji alisema mita za mraba 4,047. Tepu inasema 3,136. Ukiuliza shamba limepungua kwa kiasi gani kutoka kwenye ekari iliyoahidiwa, unagawa 911 kwa 4,047 na kupata 22.5. Ukiuliza maneno ya muuzaji yalikosea kwa kiasi gani, kitu halisi ni ardhi iliyolala pale chini, kwa hiyo unagawa kwa 3,136, na jibu linakuwa asilimia 29. Shamba ni lilelile, tofauti ni ileile, asilimia ni mbili. Mwalimu anayesisitiza “gawa kwa thamani halisi” hafanyi ukali wa bure. Na msomaji anayeona asilimia gazetini ana haki ya kuuliza imegawiwa kwa kitu gani kabla hajashangilia au kukasirika.

Kwa vipimo vingine, hata kugawa kwenyewe hakufai. Kipimajoto kikisoma nyuzi 20 za Selsiasi wakati joto halisi ni 18, mtu anaweza kuandika kosa la asilimia 11. Geuza namba hizohizo ziwe Farenihaiti, 68 na 64.4, kosa linashuka hadi asilimia 5.6. Hewa haijabadilika hata kidogo. Sifuri ya vipimo hivyo imewekwa na watu pale walipopenda, hivyo asilimia haina pa kusimamia. Afadhali kusema tu kwamba kipimajoto kimezidisha nyuzi mbili.

Na thamani halisi yenyewe inatoka wapi? Shamba lina tepu, na ikishindikana kuna wapima ardhi. Morogoro yenyewe ina Chuo cha Ardhi kinachowafundisha. Lakini ukipanda juu kidogo mambo huwa magumu. Hans Meyer, Mjerumani aliyefika na Ludwig Purtscheller kwenye kilele cha Kilimanjaro mnamo Oktoba 1889, alikadiria urefu wake kuwa mita 6,010 hivi. Waingereza walipoupima upya mwaka 1952 walipata 5,895, namba ambayo kila mtoto wa shule Tanzania anaijua. Vipimo vya setilaiti vya mwaka 1999 na 2008 vikatoa 5,892 hivi. Tukiichukua hiyo ya mwisho kuwa halisi, Meyer alikosea kwa asilimia 2 na Waingereza kwa asilimia 0.05. Kwa mtu aliyekuwa kwenye barafu na vyombo vya karne ya 19, asilimia 2 si haba. Hata hivyo neno “halisi” hapo lina maana ya kipimo bora tulicho nacho kwa sasa, na ndivyo ilivyo kwenye maabara zote duniani.

Shuleni somo hili huingia kwa milango miwili, na mkanganyiko mwingi huzaliwa hapo. Mlango wa kwanza ndio huo wa kulinganisha kipimo na thamani halisi. Wa pili hauna thamani halisi kabisa. Unauliza chombo chenyewe kinaweza kukosea kwa kiasi gani. Katika mtaala wa Kenya wa mfumo wa 8-4-4, mada hii imekaa kidato cha tatu, pamoja na makadirio. Ukipima daftari na kusema lina upana wa sentimita 8 kwa kukadiria hadi sentimita nzima iliyo karibu, upana wake unaweza kuwa popote kati ya 7.5 na 8.5. Kosa kubwa linalowezekana ni nusu sentimita, na asilimia yake ni 0.5 kugawa kwa 8, yaani 6.25. Pima meza ya sentimita 80 kwa rula ileile, nusu sentimita ni ileile, lakini asilimia inashuka hadi 0.625. Rula haikuboreka, kilichopimwa kimekuwa kikubwa.

Hapo ndipo ilipo siri ya maelekezo ambayo wanafunzi wa fizikia huyatii bila kujua sababu. Kwenye jaribio la timazi, jiwe dogo linaning’inizwa kwenye uzi, linasukumwa kidogo, na mwanafunzi anapima muda wa kwenda na kurudi. Uzi wa mita moja hutumia takriban sekunde 2. Kidole cha binadamu huchelewa kubonyeza saa. Tuseme kimekosea kwa sekunde 0.2. Akipima mzunguko mmoja, 0.2 kwenye sekunde 2 ni asilimia 10. Akihesabu mizunguko ishirini ndipo abonyeze, kidole kinakosea kwa 0.2 ileile, lakini sasa kwenye sekunde 40, na kosa ni asilimia 0.5. Muda huo ukitumika kutafuta mchapuko wa mvutano wa dunia, unapigwa kipeo cha pili, hivyo kosa linazidishwa takriban mara mbili, kama lilivyofanya kwenye shamba: karibu asilimia 20 kwa aliyefanya haraka, asilimia 1 kwa mvumilivu. Mwanafunzi aliyepata mchapuko wa 9.4 badala ya 9.8 amekosea kwa asilimia 4 hivi. Hana sababu ya kufuta daftari. Ana sababu ya kuuliza kosa limeingilia wapi.

Kingolwira yenyewe ina mahali ambapo swali hilo lina thamani ya fedha. Serikali ina kituo cha ukuzaji viumbe maji hapo, chenye mabwawa, ambako wafugaji hupata vifaranga vya samaki na ushauri. Mfugaji wa samaki haoni mifugo yake. Mwenye ng’ombe anaweza kusimama zizini akahesabu. Mwenye perege anatazama maji ya kijani na kukisia. Chakula cha samaki hutolewa kwa asilimia ya uzito wa samaki wote waliomo bwawani, kwa hiyo kila baada ya muda inabidi kuvua wachache, kuwapima, kutafuta wastani, na kuzidisha kwa idadi ya waliopandikizwa.

Chukua bwawa la samaki 2,000. Mfugaji anavua hamsini, anapata wastani wa gramu 120, anaandika kilo 240 kwa bwawa zima. Akilisha asilimia 3 ya uzito kwa siku, anamwaga kilo 7.2. Tuseme angevua wote siku ileile angekuta wastani ni gramu 100 na jumla kilo 200. Makadirio yake yamekosea kwa 40 kugawa kwa 200, asilimia 20. Kila siku kilo 1.2 za chakula zimekwenda chini ya bwawa, zikaoza, zikachafua maji na kula hewa ambayo samaki walihitaji.

Kwa nini akosee hivyo wakati mizani yake ni nzima? Huenda wavu wake una matundu makubwa, wadogo wakapita. Kosa la namna hiyo halitibiki kwa kuvua tena na tena. Akirudia kwa wavu uleule mara kumi, atapata gramu 120 mara kumi, na ataamini zaidi jibu lisilo sahihi. Wakufunzi wa maabara hulitenga kosa hili na lile la kidole kwenye saa. La kidole leo linazidisha, kesho linapunguza, ukichukua wastani linajifuta. La wavu linavuta upande mmoja siku zote. Asilimia ya kosa, kwa kuwa darasani alama ya kutoa hutupiliwa mbali, haiwezi kukuonyesha tofauti hiyo. Hili ni pungufu la kanuni ambalo vitabu vingi hupita kimya, na pengine lingefaa liandikwe kwa wino mzito.

Wafanyabiashara wanaijua alama hiyo ya kutoa kuliko walimu. OIML, shirika la kimataifa la vipimo vya kisheria lililoanzishwa mwaka 1955, linapendekeza kwamba pampu za mafuta za barabarani zisikosee kwa zaidi ya asilimia 0.5. Kwenye ndoo ya kupimia ya lita 20, hiyo ni mililita 100, chini ya nusu ya kikombe cha chai. Hakuna dereva wa bodaboda atakayeiona. Lakini pampu ambayo kila mara inapunja kwa nusu ya asilimia, kwenye kituo kinachouza lita 5,000 kwa siku, humbakizia mwenye kituo lita 25 kila jioni. Yote ndani ya kiwango. Nchini Tanzania kazi ya kukagua pampu na mizani ya sokoni ni ya Wakala wa Vipimo, chini ya Sheria ya Vipimo, Sura ya 340, na stika inayobandikwa kwenye pampu haina maana kwamba haikosei kabisa. Maana yake ni kwamba siku ilipokaguliwa, kosa lake lilikuwa ndani ya mipaka inayovumilika.

Kuvumilia kosa ni uamuzi, na uamuzi wa namna hiyo uliwahi kusimamisha malori nchini. Kutoka Kingolwira ukielekea Dar es Salaam unafika Mikese, penye kituo cha mizani ya magari cha Wakala wa Barabara, TANROADS. Barabara hii hubeba shehena ya bandari kwenda Zambia, Kongo, Rwanda na Burundi. Lori kubwa la ekseli saba linaruhusiwa jumla ya tani 56, mzigo na gari. Kanuni za mwaka 2001 za uzito wa juu wa magari ziliacha nafasi ya asilimia 5: lori lililozidi kwa kiasi hicho halikutozwa, ila lingeweza kutakiwa kupanga mzigo upya. Mantiki yake ni ya maabara kabisa. Mizani za njiani hazilingani hadi kilo ya mwisho. Mzigo husogea lori linapopanda na kushuka milima, ukahama kutoka ekseli moja kwenda nyingine. Lori lenye tani 55.8 likisomwa 56.3 kwenye mizani moja, kosa ni nusu tani, asilimia 0.9. Kumtoza faini dereva huyo ni kumwadhibu kwa kosa la mashine.

Lakini asilimia 5 ya tani 56 ni tani 2.8, sawa na mifuko 56 ya saruji. Wizara ya Ujenzi, chini ya waziri wake John Magufuli, iliona kwamba wasafirishaji wameigeuza nafasi hiyo kuwa sehemu ya mzigo: badala ya kupakia 56 na kuachia 2.8 kwa ajili ya makosa ya mizani, watu walipakia mpaka kwenye ukingo wa 58.8. Oktoba 2013 Magufuli akaifuta. Wenye malori na mabasi wakagoma, foleni zikajaa kwenye mizani, na Waziri Mkuu Mizengo Pinda akaingilia kati na kuirudisha. Kila upande ulikuwa na hoja ya kihesabu. Wasafirishaji walisema kipimo kisicho na nafasi ya kosa hakipo. Kwa upande wa Waziri wa Ujenzi, kosa linalokwenda upande mmoja kila siku halikuweza kuitwa kosa. Kwa haki, wote wawili walikuwa wakieleza ukweli, ila wa aina mbili tofauti za makosa, zile zile za kidole na wavu.

Kilichoifanya serikali iwe kali kwa asilimia inayoonekana ndogo hivyo ni tabia ya lami. Kati ya mwaka 1958 na 1960, wahandisi wa Marekani waliendesha malori mchana na usiku kwenye barabara za majaribio karibu na mji wa Ottawa, jimbo la Illinois, wakitazama lami inavyochakaa. Walichokuta ni kwamba uharibifu haukui sawasawa na uzito. Unakua takriban kwa kipeo cha nne cha uzito wa ekseli. Shamba lilizidisha kosa mara mbili kwa sababu lina pande mbili. Barabara inalizidisha zaidi ya mara nne. Ekseli iliyotakiwa kubeba tani 10 ikibeba 10.5, uzito umezidi kwa asilimia 5, na uharibifu umezidi kwa asilimia 21.6. Ikibeba 11, uharibifu unapanda kwa asilimia 46.

Nchi za Jumuiya ya Afrika Mashariki zilikuja kuwa na sheria moja ya udhibiti wa uzito wa magari mwaka 2016, na Tanzania ikaanza kuitumia mwaka 2019, tani 56 zikibaki kuwa kikomo kwa lori la ekseli saba. Kwa dereva anayekaribia Mikese na shehena yake, hesabu sasa hufanyika kabla hajaondoka bandarini: anakadiria mizani ya kwanza na ya pili zinaweza kutofautiana kwa kiasi gani, kisha anapakia chini ya kikomo kwa kiasi hicho.